Mama na Salamu za Boma Bichi

Mama aliniaga kuwa anakwenda siku tatu. Ilikuwa zamu yake yeye na wenzake wa Mkuyuni kupanda mlimani kulimwagilia Boma Bichi, kama wanawake wa ukoo wetu wanavyofanya kila kiangazi. Siku ya nne wenzake walirudi bila yeye, wakanifuata mjini. Walisema ameomba kubaki kidogo, na walivyosema hivyo hawakunitazama usoni. Siku ya tisa nilifunika cherehani yangu, nikaondoka Morogoro kwenda kumchukua mwenyewe.

Saa moja asubuhi nilipata bodaboda pale Bigwa. Dereva alikuwa mwongeaji kweli, na kwa mara ya kwanza nilishukuru, maana bila yeye ningekuwa nawaza mabaya njia nzima. Mkuyuni ilikuwa siku ya soko. Tulipenya katikati ya mafungu ya nanasi na mikungu ya ndizi, tukashika njia ya mlimani mpaka pikipiki ikagoma. Kutoka hapo nilipanda kwa miguu, nikipita mashamba ya mdalasini, nikiilaani kila kona.

Saa saba mchana nililiona Boma. Kwa msiolijua, lile halikujengwa, lilipandwa. Kuta zake ni mikuyu iliyosukwa ingali michanga, ikakua imekumbatiana hadi huwezi kupitisha kidole. Minara ni mianzi hai, na lango ni mizizi inayojifungua ikikusikia. Wakati nao kule una mwendo wake. Nilipoinama kuvua viatu, mgomba wa pembeni ulikuwa ndiyo kwanza unachanua. Nilipoinuka, ndizi zimeiva. Nilichuma mbili, maana hofu haikuninyima njaa.

Langoni alinipokea Bi Tatu, mtunza Boma, mama mfupi mwenye mundu kiunoni.

"Hadija yuko ndani," aliniambia, "anamwagilia."

Hadija ni jina la mama yangu la usichana. Tangu nizaliwe anaitwa Mama Zainabu, na Zainabu ndiye mimi.

"Ulimwengu wa humu unapimwa kwa salamu," alieleza Bi Tatu akinikalisha kwenye mzizi. "Ukuta ukiitika shikamoo yako, wewe unapungua miaka. Ukiitikia marahaba, unaongezeka. Ndiyo maana tunawaambia wageni, ukuta uamkieni mara moja tu, siku ya kuingia. Mama yako hakubali! Kila asubuhi anauamkia. Anasema hawezi kupita mbele ya wakubwa kimya kama mbuzi."

"Na ukuta unaitika?"

"Una adabu na wenyewe. Sasa sikiliza. Jana alikuwa bado anamtaja mwanawe. Leo hajataja mtu. Ukimkuta, mwamkie, na yeye aitike. Akikataa mpaka jua lizame, amebaki huko usichanani, na wewe hakukuzaa."

Nilimkuta kwenye ua wa ndani na ndoo kichwani. Alikuwa binti wa miaka kumi na saba hivi, shingo ndefu, meno yote. Nilimjua kwa mwendo. Nilitaka kumrukia nimkumbatie, lakini aliponiona alitua ndoo, akapiga goti kidogo kama alivyonifundisha mimi.

"Shikamoo mama," alisema.

Sasa niambieni, nani kati yetu anaweza kuiacha shikamoo ikaanguka chini? Mdomo wangu ulijibu kabla ya akili. "Mara..." nikaung'ata ulimi mpaka nikasikia chumvi ya damu. Ile nusu peke yake ilinitia mvi juu ya sikio, ninayo mpaka leo.

"Shikamoo wewe," nilisema haraka.

Alicheka akajifunika kanga mdomoni. "Mama huyu! Unaniamkia mimi? Unataka nipate laana?"

Nilijaribu tena, akanikimbia. Nilimfuata akizunguka mikuyu, mimi nahema, yeye anacheka, na jua linashuka. Nilikata tamaa, nikakaa chini nikalia. Kuona hivyo alirudi kunibembeleza. Akauliza swali ambalo kwetu kila mgeni huulizwa: "Kwani wewe ni wa ukoo gani?"

Nikautaja. Macho yakamtoka. "Ndio wangu! Tumbo gani?"

"Bibi yangu mzaa mama ni Mwanahawa binti Kibwana."

"Mwanahawa ni mama yangu mimi!"

"Haya, hesabu mwenyewe," nilisema nikijipangusa kamasi. "Bibi yangu ndiye mama yako. Wewe ni nani kwangu?"

Alihesabu kwa vidole, akarudia, kisha akanitazama kwa aibu. Ukubwa wa ukoo haungoji mvi, hilo alilijua tangu utotoni. "Kumbe mimi ni mama yako mdogo," alisema polepole.

"Basi shikamoo mama."

Alinyoosha shingo, akaweka sauti ya kiutu uzima. "Marahaba, mwanangu."

Mikuyu ilitoa mlio wa kamba inayokazwa. Nilimwamkia tena, akaitika amepinda mgongo ameshika tumbo. Nilimwamkia mara ya tatu. Aliyeitika alikuwa na mikunjo yote ninayoijua.

"Zainabu," alisema, "mbona umekonda? Umekula?"

Nililia upya, safari hii kwa raha. Sijawahi kufurahia kugombezwa namna ile.

Asubuhi iliyofuata tulitoka bila kuuamkia ukuta. Mama aliupungia mkono tu, tena kwa kusukumwa na Bi Tatu. Kushuka kulikuwa taratibu, tukipumzika kila penye kivuli, na kila aliponung'unika nilisikia raha moyoni. Mimi niliyekuwa nikidhani shikamoo ni neno la kupitia mlangoni tu, nimejifunza kwamba anayeitika ndiye anayebeba.

Mkuyuni tulikunywa chai. Mama akasema, "Kule nilikuwa mwepesi, Zainabu. Sikuwa na maumivu popote. Ulipozidi kuniamkia nikasikia uchungu, ule ule wa kuzaa. Ningeweza kunyamaza, ukaisha."

"Mbona uliitika?"

Alipuliza chai yake. "Sikukujua wewe nani. Lakini uchungu ule niliujua una mtu ndani yake."