Posa Kutoka Kinywani mwa Mwalimu wa Kung-fu

Jamani, nina aibu ambayo hata theluji ya Minnesota imeshindwa kuifunika, na acheni niitoe mwenyewe kabla Neema hajawasimulia kwa chumvi yake.

Baba yake Neema, anayeishi hapa hapa Minnesota, mji wa Blaine, ni mgonjwa wa vichekesho vya kung-fu vya Hong Kong, lakini anavitaka kwa Kiswahili, mtu akitafsiri juu kwa juu kama alivyozoea ujanani kwenye vibanda vya video. Mimi (kwake nilikuwa kijana wa kanisani tu, fundi wake wa televisheni, kwamba tunapendana na binti yake hakujua hata paka wa nyumba ile) nikajitia kimbelembele: "Mzee, niachie mimi."

Nikamwandikia rafiki yangu Chacha wa Mwanza, ambaye huingiza sauti yake kwenye filamu na kuzisambaza mtandaoni. Ningeishia hapo ningesalimika, ila nikaongeza: "Ipambe vizuri, ni ya baba yake Neema wa Blaine, mkwe mtarajiwa." Faili likaja, na mimi, bwana mkubwa, sikulionja hata kidogo.

Jumapili baada ya ibada sebule ya Mzee ilijaa ndugu zake, chai na maandazi vikizunguka, Chacha anatafsiri, watu hawana mbavu. Mara kijana wa kwenye filamu akapiga magoti mbele ya mwalimu wake mwenye kipara, na Chacha akapaza sauti: "Shikamoo Mzee wa Blaine! Mimi Baraka nimekuja kumposa binti yako Neema, na ukinikatalia nalala hapa hapa mlangoni!"

Nikalitumbukiza andazi zima kwenye chai. Neema akajifunika mtandio uso mzima.

"We Neema!" mama yake akaruka. "Huyu huyu wa televisheni?"

Mzee akachukua rimoti, akaisimamisha filamu. "Baraka, huyu mpiga kelele ndiye mshenga wako?"

"Hapana, Mzee, ni mtafsiri tu."

"Kwa hiyo hujaja kuposa?"

Nikisema sijaja, nimemkana Neema mbele ya ukoo wake. Nikisema nimekuja, nimeposa mikono mitupu, tena kwa soksi iliyotoboka.

"Nimekuja, Mzee." (Sauti ilitoka kama ya panya.)

Mzee akabonyeza rimoti tena. "Haya, tulia. Nataka kusikia nimekujibu nini."

Mwalimu akamtandika yule kijana teke lililompitisha dirishani, na Chacha, bila haya, akatangaza: "Mzee amekubali!"

Mzee alicheka mpaka akavua miwani. "Lete wazee wenye akili zao, tuzungumze," akaniambia, "na huyo wa Mwanza asiwemo."

Niliwaleta, posa ikakubaliwa. Lakini nimeapa: filamu yoyote itakayoingia sebule ya mkwe, nitaitazama kwanza peke yangu, mlango nimeufunga, mpaka jina la mwisho lipite.