Amri Iliyolinda Shamba la Bibi

Kwetu ardhi hufuata upande wa mama. Shamba letu la Chanzuru, kando ya mto, bibi alilipata kwa mama yake, na mama yake alizikwa humo humo, juu ya kaburi pakawekwa chungu kilichotobolewa kitako. Mwanaume hakuwa na shamba; alikuwa na mdomo wa kulisemea. Mdomo wetu ulikuwa mjomba, kaka yake mama, aliyefanya kazi stesheni ya Kilosa na aliyejua kusoma.

Miaka hiyo mkonge ulikuwa unatusogelea kila msimu. Siku moja, baada ya mavuno, tarishi wa Bwana Shauri, mkuu wa serikali ya Wazungu wilayani, akaleta amri: shamba limechukuliwa, mkonge unapanuliwa, tuhame. Mjomba akakataa. Alikwenda Morogoro kwa wakili, wakakata rufaa, na jaji akaisimamisha ile amri mpaka rufaa isikilizwe. Mpaka hapo shamba lisiguswe. Mzungu wa mkonge asipande, na sisi tusilime, tusifyeke, tusichimbe.

Mjomba alirudi akicheka njia nzima. "Wamefungwa mikono!" akatuambia.

"Na sisi je?" mama akauliza.

"Sheria ni msumeno, dada. Tukiligusa, tumejishinda wenyewe."

Mvua zikanyesha. Tulisimama njiani tukitazama udongo wetu mweusi ukilowa bure. Watu walisema amri ile ilikuwa sawa kwa pande zote mbili. Sawa gani? Mzungu alikuwa na mashamba mengine mpaka macho yachoke. Sisi tulikuwa na lile moja. Tangu hapo nikisikia mkubwa anasema "sawa kwa wote", roho inanichafuka.

Tulikwenda kuomba kipande cha kulima kwa ndugu wa baba huko Mikumi. Walitupa pembezoni, tulipolima nusu yetu na nusu ya nguruwe pori. Ngoja ngoja huumiza matumbo, na yetu yaliumia kweli. Bibi alikuwa anasukuma sahani yake kwetu, anasema ameshiba. Hakuwa ameshiba.

Mvua za mwaka wa pili hazijakatika, bibi akafa. Alikuwa ametuambia wote, mjomba akiwepo: "Mnizike kwa mama." Maiti ilikuwa imeshaoshwa mjomba alipofika kutoka stesheni, akazuia majembe.

"Kaburi ni kuchimba," alisema. "Rufaa iko karibu. Mnataka tuipoteze leo?"

"Ni mama yako huyu!" mama alimpigia kelele mbele ya maiti, jambo ambalo kwetu ni aibu kubwa.

"Ndiyo maana nalilinda shamba lake."

Bibi akazikwa makaburi ya mjini Kilosa, katikati ya watu asiowajua. Mjomba alilia kuliko sisi sote. Sikumwonea huruma hata kidogo.

Haikupita muda, kabla rufaa haijasikilizwa, akatumwa ofisa kulikagua shamba. Mjomba alivaa koti. Nyasi zilikuwa zimetupita vichwa, miiba imefunga njia. Ofisa aliuliza kupitia kwa karani wake: "Mnasema mmelima hapa tangu zamani. Makaburi yenu yako wapi?"

Mjomba akanyoosha kidole. Tukaingia kwenye nyasi, tukapapasa kwa mikono na miguu. Hatukuona chungu, wala mwinuko wa udongo. Nguruwe walikuwa wamefukua kila mahali.

"Hili ni pori," ofisa alisema, kwa upole kabisa.

"Bwana, ni amri yenu iliyotukataza kufyeka."

Ofisa akajibu kwamba yeye ametumwa kutazama ardhi, hakutumwa kutazama amri. Akapanda gari lake.

Rufaa ikaanguka. Jaji alisema ardhi ile haikuwa na dalili ya mtu kuitumia. Mjomba alituletea habari hizo Mikumi, mama akiwa anatwanga. Mama akaweka mchi chini.

"Kaka, tungemzika pale, kaburi lingekuwa bado bichi. Yule mtu angeliona kwa macho yake."

"Amri ilikuwa amri," mjomba akasema.

Mama akamwambia atoke uani kwake, naye akatoka. Miaka mingi baadaye, mjomba alipofariki, tulitumiwa mtu kutuita mazikoni. Mama alimpa yule mtu maji ya kunywa, akamshukuru kwa kuja, kisha akarudi kupalilia.