Mkonge Uliokatwa kabla ya Maua

Mwezi uliopita mwenzangu wa kazini alitimiza miaka thelathini, akatualika kwenye mgahawa mmoja wa Rosebank, hapa Johannesburg. Tulipomaliza kula, mhudumu akaleta tekila kwenye bilauri ndogondogo, na kisahani cha chumvi, na vipande vya ndimu. Wenzangu wakahesabu moja, mbili, tatu, wakabugia, wakakunja nyuso na kupiga meza. Mimi niliinusa tu. Nyuma ya ule ukali kulikuwa na harufu nyingine, ya kitu kitamu kilichookwa ardhini, na machozi yakanilenga kabla sijaonja. Wakanicheka, wakasema huyu dada kileo hakiwezi. Niliwaacha wacheke, maana ningeanzia wapi kuwaeleza habari za ua wetu wa Bellevue?

Wewe nitakueleza. Tulihamia Bellevue mwaka 2015, tukitokea ghorofani Joubert Park, kwenye jengo ambalo lifti yake ilikufa kabla sijazaliwa. Nilikuwa na miaka tisa. Nyumba yenyewe ilikuwa ya zamani, ya bati jekundu, imekatwakatwa kwa mbao ikawa vyumba saba, na sisi tulipewa kile kilichokuwa sebule zamani. Tulikuwa watatu: mimi, mama yangu aliyesuka nywele kwenye saluni ya Yeoville, na nyanya yangu, niliyemwita Kambo kama wanavyoita kwao Lubumbashi. Asubuhi ua ulinukia sombe ya Kambo, kisamvu cha kwao, ikichemka taratibu kwenye jiko la mkaa, na kutoka chumba cha nyuma ilikuja harufu ya tangawizi, chai ya jirani yetu wa Tanga. Kazi yangu ilikuwa kuanika nguo, na onyo lilikuwa moja tu: usianike upande wa mkonge, nguo itarudi na matundu.

Huo mkonge ulikuwa umekaa kwenye pembe ya ua kuliko mpangaji yeyote. Majani yake yalikuwa ya kijivu, manene, marefu kunishinda, na kila moja lilikuwa na mwiba nchani. Jirani wa Tanga, ambaye sisi watoto tulimwita Mjomba, alisema si ule hasa wa kwao, ni binamu yake aliyenenepa. Mjomba alizaliwa kwenye shamba la mkonge, baba yake alikuwa mkataji, na yeye mwenyewe alikata tangu ndevu hazijaota mpaka alipopanda mabasi kuja kusini. Kila alfajiri akitoka kwenda kazini alisimama kidogo mbele ya ule mmea, akaugusa jani, ndipo akafungua geti. Ukimuuliza anafanya nini, anasema anaamkia wazee.

Kazi yake ilikuwa ulinzi kwenye ghala la vileo vinavyotoka nje ya nchi. Yeye hakuwahi kuonja hata tone, swala tano hazikumpita, lakini alijua habari za chupa zile kama mwenye mali. Alitusimulia jinsi tekila inavyovuka bahari kutoka Meksiko mpaka Durban, halafu inapanda malori kuja Johannesburg, na jinsi makarani wanavyokagua karatasi, maana jina hilo wenyewe Wameksiko hawaruhusu mtu mwingine kulitumia. Mwisho wa mwaka alipewa kalenda ya ofisini, akaitundika mlangoni kwake. Ilikuwa na picha za watu wa huko wakiwa mashambani, na mmea waliokuwa wakiukata ulikuwa ni huu huu wetu, nduguye mwingine.

Picha zile zilimkera Mjomba. Watu wale walikuwa wakiyafyeka majani na kuyaacha chini, kisha wanabeba lile donge la katikati, kubwa kama nanasi la majitu. "Eish! Wanatupa majani!" alilalamika, kidole juu ya picha. "Majani ndiyo mkonge! Kwetu hilo donge tunaliacha lioze shambani." Kambo aliyekuwa anachambua mboga alicheka mpaka akashika mbavu. "Shehe," alimwambia, maana kwake kila Mwislamu alikuwa shehe, "batu ba Tanga banatupa nyama, banakula mifupa."

Kambo alikuwa na haki ya kucheka. Huko Lubumbashi alipika lutuku, ule mvinyo mkali wa mahindi na muhogo, kwa miaka ishirini, na kwa lutuku hiyo alisomesha watoto wanne. Babu ndiye aliyekuwa mwonjaji wake. Kila mpiko ulipotoka alichovya kidole, akakiweka ulimini, akasema neno moja tu, "Iko" au "Haina," na Kambo hakubishana naye. Kambo alipofika Johannesburg, Babu akiwa amebaki kwao, aliokoka, akaahidi mbele ya kanisa zima kwamba kileo hakitagusa tena midomo yake. Aliitunza ahadi hiyo kwa kiburi kidogo, nadhani, kama mtu aliyeacha kazi angali bingwa.

Mwanzoni mwa 2017 Babu alifariki kule Lubumbashi. Habari zilikuja kwa simu mchana, Kambo akiwa anafua. Karatasi zake za ukimbizi hazikumruhusu kuvuka mpaka na kurudi, kwa hiyo mume wake alizikwa bila yeye. Alimaliza kufua. Tangu siku ile hakulia mbele yetu. Kwa ukoo wake, matanga hayaishi mpaka mjane amwage ardhini kinywaji alichokitengeneza kwa mkono wake. Cha kununua hakikubaliki. Asipofanya hivyo amemzika mumewe nusu, na nusu nyingine inabaki mlangoni ikingoja. Mama alimwambia mambo hayo ya zamani yameisha, mchungaji ameshaomba. Kambo alijibu kwamba mchungaji hakuwa ameolewa na Babu.

Mwezi wa tisa mwaka huohuo, mkonge wetu ukaanza kusukuma mlingoti katikati, mnene kama paja langu. Mjomba alifurahi, akahuzunika. "Mkonge ukitoa mlingoti umeaga," alituambia. Unangoja miaka na miaka, unachanua mara moja, unakufa. Alikuwa anayangoja maua yale kwa hamu, kwa sababu nyumbani mashambani hawaachi yafike, na tangu utotoni alitaka kuyaona yakifunguka yote. Kambo naye alikuwa anauangalia mlingoti huo, lakini kwa jicho la mpishi. Alikwisha kuisoma kalenda. Alijua kwamba utamu wote uliokusanywa chini sasa ulikuwa unapanda juu kulisha maua, na kwamba wiki chache tu zikipita hakutabaki kitu cha kupika.

Alimfuata Mjomba uani Ijumaa moja alipotoka msikitini. Nilikuwa naanika nguo, nikasikia yote. Alimwambia anataka donge lile, na kwamba nyumba nzima hakuna mwingine anayejua kukata.

"Bi Mkubwa, usinitie mtihanini," Mjomba alisema. "Pombe naichunga kwa sababu ya tumbo, na hata hiyo naombea msamaha. Kuitengeneza ni jambo jingine."

"Haiko ya kunywa. Ni ya bwana yangu. Weye njo unajua kukata, miye minajua kupika. Mungu atajua mengine."

Siku tatu Mjomba hakuja kuomba chumvi kwetu wala kutuletea maandazi, na mimi niliogopa kwamba tumempoteza. Siku ya nne aligonga mlango akiwa na panga lililonolewa. Alisema yeye anakata mkonge, kazi aliyofundishwa na baba yake, na kinachofuata hakijui, hataki kukijua, wala asiambiwe.

Laiti ungemwona akikata! Mtu mzima mwenye mgongo unaouma aligeuka kijana. Alianza safu ya chini, jani kwa jani, akaondoa mwiba kwa pigo moja, na majani akayafunga mafurushi ya thelathini thelathini kama vile lori la kiwanda lilikuwa njiani kuja kuyachukua. Mlingoti aliuangusha mwisho kabisa. Aliushika kwanza kwa mikono miwili, akasema kitu kimoyomoyo, kisha akapiga. Donge lilipotoka ardhini tulilisukuma watu wanne. Mjomba akafuta panga, akaingia chumbani kwake, akafunga mlango na kuvuta pazia.

Hapo ndipo tulipokosea. Kambo alijua muhogo, na kwake kila kilicho kigumu na cheupe ndani kilikuwa muhogo. Tulilipasua donge, tukamenya nusu yake, tukakuna kwenye mbuzi ya nazi tuliyoazima dirishani kwa Mjomba mwenyewe, tukaloweka kwenye beseni. Tulikuna kwa mikono mitupu, mimi nikiwa nimevaa kaptula. Haikupita saa, mikono yetu na miguu ikaanza kuwasha. Si kuwasha kwa mbu. Ilikuwa kama tumelalia upupu. Mjomba alijua tangu utoto kwamba maji ya mkonge mbichi yanaunguza ngozi, lakini alikuwa ameapa hatatazama, na aliyeapa hatatazama atamwonya nani? Jumapili Kambo alisimama kwenye kwaya, mwimbo ukimtaka ainue mikono, naye akaiinua akijikuna.

Siku ileile ya kukuna, ni kilio changu kilichomtoa Mjomba chumbani. Alikuja na mafuta ya nazi, akatupaka mimi na Kambo, huku akitugombeza kwa Kitanga chake chote. Beseni alilimwaga. Halafu akaichomoa kalenda mlangoni, akailaza mbele ya Kambo, akaonyesha picha ya shimo linalofuka moshi. "Moto kwanza, Bi Mkubwa. Hawa wanaoka kwanza." Akakumbuka kiapo chake, akakohoa, akatazama pembeni.

Nusu iliyobaki tuliioka. Tulichimba shimo palepale ulipokuwa umesimama mkonge, tukapasha matofali kwa kuni za mbao za masanduku, tukalaza vipande, tukafunika kwa majani yake mwenyewe na bati na udongo. Siku mbili ua ulifuka. Tulipofukua, vipande vyeupe vilikuwa vimekuwa vya kahawia, vinachuruzika, na harufu iliyopanda ikawatoa wapangaji wote vyumbani. Vilikuwa vitamu kama kiazi kilichopikwa kwa sukari guru, vyenye nyuzinyuzi za kutema. Tulikula mpaka Kambo akatufukuza kwa mwiko. Mjomba alikula vipande vinne. "Hili bado ni tunda tu," alisema, akilamba vidole, na hakuna aliyembishia. Bado nautafuta utamu ule kila mahali.

Kilichosalia kiliingia ndooni na maji. Siku kadhaa kilinong'ona chini ya kitambaa, na Mjomba alizunguka kwa nje ya ukuta ili asipite karibu nacho. Kisha Kambo akatafuta sufuria kubwa, bomba la shaba la fundi wa mabomba, na unga wa kuziba mianya, akapika kama aliyepika jana. Sufuria nzima ilitoa nusu chupa ya soda.

Siku ya kumaliza matanga tulikuwa wachache. Mama alikuja moja kwa moja kutoka saluni, kitana kikiwa bado kichwani. Mjomba alivaa kanzu na kofia, akasimama mbali kidogo, lakini alisimama. Kambo alipiga magoti kwenye ukingo wa shimo akiwa na chupa, na ghafla akasita. Nilimwona akitafuta uso baada ya uso. Yeye alikuwa ameahidi kanisani asionje. Mama naye alikuwa mwimbaji wa kwaya hiyohiyo. Mjomba hakuulizika. Na mwonjaji ndiye aliyekuwa anaagwa. Angempaje mume wake kitu ambacho hakuna aliyesema ni kizuri?

Aliniita. Alichovya kidole, akakiweka ulimini mwangu. Kiliniunguza mpaka masikioni, nikataka kutema, lakini niliona anavyonitazama.

"Iko," nilisema. Halafu nikaongeza ya kwangu: "Iko tamu sana, Kambo."

"Mutoto muongo!" alisema. "Haikukuwaka tamu hata siku moja." Akacheka, na kicheko kikamgeuka kooni, akalia kwa sauti, kilio cha miezi yote ile. Akamimina chupa yote mpaka tone la mwisho. "Kunywa, baba ya batoto. Habakuniacha nikuye kukuzika. Hii ni ya mukono yangu." Mjomba aliinua viganja vyake akaomba dua kwa lugha ya dini yake. Mama akapiga magoti pia. Usiku ule Kambo alikoroma, na mimi nililala usingizi mzuri nikimsikia.

Mjomba alirudi Tanga mwaka uliofuata, mgongo ukiwa umemshinda. Nyumba iliuzwa, ua ukamwagiwa saruji, na juu ya saruji hiyo sasa yanaegeshwa magari matatu. Siku hizi najua mengi kuhusu vileo vya Meksiko, nimesoma, nimeonja, naweza kukueleza kipi kimeokwa shimoni na kipi kimepikwa kiwandani. Lakini sijui Kambo aliweka maji kiasi gani, wala alijuaje kwamba ndoo imeiva, wala unga ule wa kuziba aliukandaje. Nilikuwa pale nikila. Sikumuuliza.

Kambo alifariki mwaka 2019, tukamzika hapahapa Johannesburg. Zamu yangu ilipofika kaburini, nilikuwa nimeshika maua ya dukani, yamefungwa kwa nailoni, na bei yake bado imebandikwa. Niliyaweka. Nikasimama pale nikiitazama mikono yangu, haikuwa imetengeneza kitu.