Vigae Chini ya Ukuta wa Bibi

Juzi nilikuwa Lilongwe, kwenye makumbusho, nikasimama mbele ya sanduku la kioo lenye kigae cha chungu cha kale, kimechorwa mistari ya kulala. Rafiki yangu, nilicheka mpaka mlinzi akanitazama vibaya. Vigae kama hivyo, sisi kule kambi ya wakimbizi ya Dzaleka tulivijengea nyumba.

Ilikuwa kiangazi, niko darasa la tano. Mvua ilikuwa imebomoa nyumba yetu, basi Bibi akachimba shimo la udongo palepale uani, kama kila mtu kambini. Yeye alikanyaga tope, mi nikafyatua matofali. Mchana tulikula bugali na sombe, yale majani ya muhogo, mikono bado inanuka udongo. Shimo lilipofika kiunoni, jembe likaanza kutoa majivu na vipande vya vyungu. Tulifurahi! Mawe ya msingi yalikuwa shida kupata, kwa hiyo ndoo nzima ya vigae tukaimwaga kwenye msingi, tukashindilia, tukaanza kupandisha ukuta.

Wiki hiyohiyo mwalimu akatufundisha habari za wakulima wa kwanza: watu walioacha kufuata nyama porini, wakapanda mtama, wakafinyanga vyungu vya kuweka chakula. Akachora chungu ubaoni. Nikanyoosha mkono.

"Mwalimu, hivyo viko chini ya ukuta wetu."

Darasa zima likacheka. "Muongo! Mutoto ya bigae!" Mwalimu peke yake hakucheka. "Lete kimoja nione," alisema.

Nikakimbia kumwomba Bibi tubomoe kona moja tu.

"We mtoto! Bale bantu ba zamani bashakufa. Sisi tuko bazima, na mvua inakuya."

Alisema kweli. Lakini mi sikukubali kuitwa muongo. Kila jioni, nikishamaliza matofali yangu, nilishuka shimoni kukwangua kwa kijiko. Siku ya kwanza majivu. Ya pili majivu na mzizi. Bibi akipita juu, "Ukifika kwetu Bukavu, unisalimie bantu." Siku ya nne kikatoka kipande kama kiganja, na kwenye udongo wake alama ya punje ya mtama. Punje yenyewe iliungua zamani chungu kilipochomwa, kitundu chake kimebaki.

Bibi alikiosha, akagusa kile kitundu kwa ncha ya kidole. "Huyu mama alikuwa anafinyanga, batoto banamwaga mtama pembeni. Njo vile ilikuwa."

Kesho yake akavaa kitenge cha kanisani, akakipeleka shuleni mwenyewe. "Nani alisema mujukuu yangu iko muongo?"

Siku hizi Bibi hayupo. Mwalimu alihamia mbali pamoja na kile kigae, shimo limejaa takataka. Ukuta bado umesimama, wanaishi wengine. Nimeshaongea na mama mwenye nyumba: siku ukuta ukianguka, asiguse msingi kabla hajaniita nitoe vile vigae, na matofali mapya nitamfyatulia mimi, yote, bure. Amekubali. Kila mvua zikiisha napita kuangalia ile kona imelika kiasi gani, halafu moyo unanisuta, nakunja mikono ya shati, namsaidia kuiziba kwa udongo.