Msafara Usio na Maiti

Mimi si mzaliwa wa hapa. Nilizaliwa Trinidad, kisiwa cha Karibi, na nikafika Oyugis, magharibi mwa Kenya, nikimfuata mwanamume aliyekuja kwetu kusoma akaondoka na mimi. Kidholuo nilifundishwa na mama yake, Kiswahili nikakiokota sokoni nikiuza mitumba, na mdomo nilikuja nao mwenyewe. Nayasema haya mapema kwa sababu bado wapo wanaoniuliza nitarudi kwetu lini. Kwetu ni hapa. Mume wangu nimemzika hapa.

Mazishi yake ndiyo yaliyoanzisha haya yote. Watu walijaa boma mpaka wakakanyaga mihogo. Palikuwa na tenti, bendi na fulana zenye picha yake. Wanaume wakakimbiza ng'ombe barabarani kwa pembe, filimbi na matawi, kukifukuza kifo kitoke kijijini. Desturi hiyo inaitwa tero buru. Nilipoiona nililia, kisha nikakasirika. Kisiwani kwetu mababu waliokuwa watumwa walipoachwa huru waliingia barabarani na ngoma, matope mwilini na pembe kichwani, na mpaka leo tunaingia kila mwaka. Ni mambo yale yale, ila sisi hatungoji mtu afe.

Wageni walipoanza kutawanyika, mama mkwe alinishika mkono. "Kumbe watu hawa wote walimpenda," aliniambia. "Na yeye hajamwona hata mmoja."

Neno hilo lilinikaa. Mama alikuwa amezeeka, magoti yamekwisha, na katika ukoo wetu tero buru ni ya wanaume. Akifa yeye, asingekimbiziwa hata mbuzi. Nikaamua kwamba watu watamjia akiwa hai, macho yake yakiona, na yeyote mwingine anayetaka kushangiliwa kabla ya jeneza aje pia.

Kukusanya watu sikuanza siku hiyo. Mimi ndiye niliyewaongoza akina mama wa soko tulipoketi mbele ya ofisi ya kaunti mpaka tukajengewa choo. Nikawaita hao kwanza. Tukashona mavazi kwa gauni kuukuu za harusi, manyoya ya kuku na nyavu zilizochakaa kutoka Homa Bay. Fundi wa jua kali alikata mapipa ya mafuta, akayagonga mpaka yakaimba kama ngoma za chuma za kwetu, ingawa moja lilikataa katakata. Wanawake wanaochekecha dhahabu kule Macalder walituma ujumbe kwamba watakuja, na kwamba habari za kujipaka matope wasifundishwe na mtu.

Shemeji yangu, kaka mkubwa wa marehemu, akaita kikao cha ukoo. Hakupaza sauti. Alisema kufanya tero buru bila maiti ni kumtafuta maiti, na mzee aliyebaki katika boma letu ni mmoja tu. Mama akifa, alisema, tutajua ni nani ameyaita mauti, na huyo atafungasha arudi alikotoka. Wazee wakatikisa vichwa kumkubali. Niliogopa, sitaficha. Sina shamba lingine duniani, na mama alikuwa anakohoa tangu mvua zianze.

Nilimweleza mama kila kitu, maana maisha yaliyokuwa yanazungumzwa ni yake. Alikuwa anachambua maharagwe. Aliuliza tu kama mtoto wake huyo yeye atabaki duniani milele, akaendelea kuchambua.

Chifu naye alinipenda, na nilipokwenda kumwomba kibali cha msafara alitaka kunisaidia. Watu wa huku huniita nyar nam, binti wa ziwa, kwa sababu kwao ziwa na bahari ni neno moja.

"Nyar nam, wewe andika tu ni ukumbusho wa mzee wako," alisema. "Matanga hakuna mtu anakataza. Mi nasaini saa hii."

"Lakini hakuna mtu amekufa, chifu. Andika tuko hai."

Akasema kitu kama hicho hajui atakipeleka ofisi gani. Tukaandamana bila sahihi yake, na siku hiyo akawa na safari ya ghafla Magunga.

Barabarani watu walivua kofia wakauliza ni nani amekufa. Mwanamke mmoja alitoka shambani mbio, mikono kichwani, akilia kwa sauti mpaka katikati yetu. Nilipomwambia hakuna msiba alinitukana vizuri sana, kisha akauliza manyoya yanapatikana wapi.

Tulipofika langoni kwetu, shemeji alikuwa amesimama mbele ya kiti cha mama, akimsihi aingie ndani asituone. Mama alimsukuma kwa fimbo yake. Akaniegemea begani, akatoka mpaka barabarani, akawapitia mmoja mmoja, wenye pembe na wenye matope, akiwagusa nyuso na kuuliza kila mmoja ni binti wa wapi. Wakamwimbia yeye, kwa jina lake la usichana. Alicheka mpaka akakohoa, na mimi nikamkazia macho.

"Usiniangalie mimi," alisema. "Waambie waendelee."

Akafa kabla ya mavuno. Kaburini shemeji alichukua maikrofoni, akaniambia mbele ya watu wote kwamba nilimfanyia mama yake mazoezi ya kufa, na kwamba mwezi ukiisha asinikute. Niliichukua ile maikrofoni. 

"Shemeji, mama ameuawa na uzee. Mimi siendi popote. Na tutapita tena."

Mwezi ukaisha. Sikufungasha hata kijiko. Tulilia msiba wetu mpaka ukatosha, na mwaka uliofuata tukaingia barabarani, wengi kuliko mwanzo. Nyumba ya shemeji iko njiani na lango lake lilikuwa limefungwa. Wenzangu walitaka tupite kimya, kwa heshima. Nikasimama pale pale, nikawaambia wapige mapipa yote, hata lile lililokataa kuimba.

Tulipiga kwa muda mrefu. Hatimaye lango likafunguka kidogo. Hakutoka yeye. Alitoka mke wake, amejifunga leso kiunoni, na nyuma yake mume alikuwa anamwita arudi. Akaingia katikati yetu, akaniuliza asimame wapi.