Mwandiko Ule Haukuwa wa Baba

Baba yangu, aliyepooza upande mmoja pamoja na ulimi, alinyanyua mkono wake mzima akaisukuma kompyuta yangu mpaka ikaanguka sakafuni.

Nilikuwa nimemwonyesha zawadi. Jamani, zawadi!

Baba alikuwa mwandishi wa misahafu kwa mkono, jina kubwa. Kiharusi kilipomwangusha, nikachukua kurasa zake za zamani nizigeuze fonti, watu wasome Qurani kwenye simu kwa mwandiko wake.

Kazi ile si mchezo. Herufi moja ina sura ya mwanzo, ya kati na ya mwisho. Irabu zinagongana. Kasra, ile alama ya "i" chini ya herufi, ikiteleza, maana imeharibika. Nachora, nampelekea ustadhi akague, anarudisha, naanza upya. Macho yakaniwiva.

Mwishowe nikaipa fonti jina la Baba.

Naye akaiangusha chini.

"Hataki mambo yenu ya kompyuta," baba mkubwa akaniambia. "Wazee ndivyo tulivyo."

Nikaiokota, nikajaribu siku nyingine. Akiona tu jina lake juu ya zile herufi, analia, anang'ang'ana kusema.

"Ma... ma..."

Nikadhani anataka maji. Nampa, anakataa.

Ndipo akaja mama mdogo, mdogo wake marehemu Mama, kumjulia hali. Akaiona skrini. Akakaa chini, pu!

"Mwandiko wa dada huu umeupata wapi?"

"Wa Baba huo, Mama mdogo."

"Wa Baba wapi! Baba yako macho yalimfifia hata hujazaliwa. Aliyeandika ni dada. Wenye kuagiza misahafu wasingepokea kazi ya mwanamke, basi baba yako akawa anatia jina lake."

Nikamgeukia Baba.

"Ni Mama?"

Akaitikia kwa kichwa. Machozi yakamchuruzika hadi shingoni.

Wiki haikuisha, tukamzika.

Matangani kila mtu anausifu mwandiko wake. Baba mkubwa, habari ile imekwisha mfikia, akanivuta pembeni.

"Liache jina la ndugu yangu kwenye hiyo fonti. Maiti haaibishwi."

"Na Mama je? Yeye si maiti?"

Akanigeuzia mgongo. Tangu siku ile hajakanyaga kwangu.

Fonti imetoka kwa jina la Mama.

Wewe unayesoma, kama mama yako yu hai, muulize ni kazi gani ya mikono yake inayoitwa ya mtu mwingine. Muulize leo. Mimi wangu nimemfahamu akiwa kaburini.