Siku Makumbusho Yalipowekwa Mwisho

Harufu ya maziwa yaliyoshika chini ya sufuria hunirudisha Kaloleni, mtaa wetu wa Nairobi, hata leo, hata nikiwa jikoni kwangu na dirisha liko wazi. Wiki ile mama alipofariki, wanawake wa mtaa waliinjika sufuria kubwa juu ya mawe nje ya nyumba yetu, wakachemsha chai tangu asubuhi hadi jioni. Kwa kuwa kila mmoja alikuwa akizungumza na kila mmoja, hakuna aliyekoroga inavyofaa, na chai yote ya matanga yale ikawa na ladha ya kuungua. Wageni waliinywa bila kunung'unika, maana chai ya matanga hailalamikiwi. Walikaa kwenye viti vya kukodi chini ya hema jeupe, baina ya zile nyumba fupi za mawe zenye vigae, na jioni wakaandamana hadi ukumbi wa mtaa kufanya mkutano wa mazishi. Baba, aliyekuwa fundi wa reli, alikaa mbele na kofia yake magotini. Mimi nilikuwa na miaka minane. Watu walinishika kichwa wakipita, nikawa sihisi chochote. Ukikalia mguu wako muda mrefu ukafa ganzi, unaweza kuufinya ukaona kama unafinya mguu wa mtu mwingine. Mimi nilikuwa hivyo mwili mzima.

Nilitaka jambo moja tu. Nilitaka kumwona mama kabla hajasafirishwa kwenda kuzikwa nyumbani, na nyumbani kwetu, kama kwa nusu ya mtaa ule, ni magharibi, upande wa Bungoma. Alikuwa ameondoka kwetu asubuhi moja kwa gari la jirani, anakohoa, amejitanda leso yake ya kijani, akaniambia nisisahau kuanua nguo. Hospitalini watoto hawakuruhusiwa wodini. Nguo nilizianua, nikazikunja, na yeye hakurudi. Kwa hiyo niliposikia kwamba mwili utatolewa mochari, upitishwe mtaani kwa maombi, kisha safari ianze alasiri hiyo hiyo, nikajua nitamwona. Hapo ndipo Nyanya, mamake baba, alipokata shauri. Alikuwa ametoka Bungoma kwa basi la usiku, na hata viatu hakuwa amevua. "Kitindamimba hamsindikizi mamake," alisema. "Akimwona anaondoka, atamfuata." Sijui kama hiyo ni mila yetu au ni jambo alilolitunga njiani kwa sababu ya hofu; tangu wakati huo nimewauliza wazee wawili watatu, na kila mmoja amenijibu lake. Kaka zangu wawili wangesafiri. Mimi ningebaki. Nilimtazama baba, naye akatazama kofia yake. Nilimchukia kidogo, kisha hata hiyo chuki ikafa ganzi.

Mlango wa pili kutoka kwetu aliishi Anti Pamela, rafiki mkubwa wa mama. Walishiriki bomba la maji, walisukana nywele, walinuniana na kupatana mara mbili kwa mwezi. Kazi yake ilikuwa kutembeza wageni mjini. Kampuni ndogo ya utalii ilimpa sweta ya kijivu na kibendera cha manjano, na kutwa nzima alipanda na kushuka basi akieleza hiki ni nini na kile kilijengwa lini. Yeye ndiye aliyejaribu kunitetea. Nilimsikia nje ya dirisha akimwomba Nyanya aniache nimwone mama japo dakika moja, na Nyanya akikataa kwa sauti ya chini isiyobadilika. Mkono usioweza kuukata, ubusu. Mwishowe Anti Pamela alisema basi, kesho yeye atakwenda nami kazini, nisikae peke yangu. Nyanya akamshika kifundo cha mkono. "Niahidi hutamrudisha hapa nyumbani kabla hatujaondoka."

"Nimekuahidi, mama," Anti Pamela akajibu. "Sitamrudisha nyumbani."

Nilijua basi kwamba yamekwisha. Kesho yake alinivika viatu vya shule na sweta ya kaka yangu, tukatoka kabla hema halijajaa. Wageni wa siku hiyo hawakuwa Wazungu. Walikuwa wanawake wa kikundi cha kanisa kutoka karibu na Kitale, wamevaa vitenge vya aina moja, wamechanga mwaka mzima ili waje waione Nairobi waliyoisikia redioni. Walikuwa na mahindi ya kuchemsha kwenye ndoo yenye kifuniko, kana kwamba huku mjini hakuna chakula. Kiongozi wao, Mama Nasimiyu, mwanamke mnene mwenye sauti ya kuitia ng'ombe, alisogea akanipa nafasi dirishani bila kuuliza mimi ni wa nani. Dereva alipowasha gari kuelekea makumbusho, kama ilivyokuwa desturi yao kila asubuhi, Anti Pamela alimgusa bega.

"Leo museum tutafanya mwisho."

"Mwisho? Anti Pam, saa kumi pale chini ni jam tupu. Hatutatoka."

"Najua. We endesha tu."

Dereva akacheka peke yake, akakata kona. Sikulitia jambo hilo maanani. Kwangu mimi mji wote ulikuwa mbali na Kaloleni kwa kiasi kimoja.

Tukaanza na lile jumba refu la mikutano, tukapandishwa kwa lifti hadi juu kabisa, wanawake wakishikana mikono na kumtaja Mungu kila ghorofa. Huko juu kulikuwa na upepo. Anti Pamela aliinua kibendera chake akaonyesha milima ya Ngong, akaonyesha mbuga ambako, kwa maneno yake, simba hulala huku wakisikia ndege zikitua, akatoa mzaha ambao bila shaka aliutoa kila siku, kwamba hapa Nairobi simba hawali watu kwa sababu watu wenyewe wamekonda kwa kodi ya nyumba. Wanawake walicheka hadi wakapangusa macho. Kisha akaja akasimama nyuma yangu, akanigeuza mabega kuelekea mashariki. "Kwenu ni pale," akasema polepole. "Nyuma ya uwanja wa mpira, penye miti." Niliona vigae, niliona kitu cheupe ambacho huenda kilikuwa hema letu na huenda kilikuwa lori. Nilijaribu kuhuzunika, kwa sababu nilidhani ndiyo kazi niliyopaswa kuifanya. Haikuja.

Baadaye tulikwenda kule twiga wanakolishwa kwa mkono. Twiga mmoja alinilamba kiganja chote kwa ulimi wake mweusi wenye kukwaruza, wenzangu wakapiga vigelegele, nami nikasimama nikiutazama mkono wangu uliolowa. Mama Nasimiyu alininawisha kwa maji ya chupa yake, akanikausha kwa ncha ya kitenge, akasema, "Huyu mtoto amenyamaza sana. Ni mgonjwa?" Anti Pamela akamwambia nimechoka. Tulikula mahindi yale kwenye nyasi za bustani, na nikamwona Anti Pamela amejitenga chini ya mti na simu yake, anasikiliza zaidi ya anavyosema. Aliporudi nikamuuliza kama wameshaondoka. "Bado," akasema. "Wanaomba." Nikamuuliza kama nitamwona mama. Alinifunga kifungo cha juu cha sweta ambacho kilikuwa tayari kimefungwa, akageuka akawaita wageni wake wapande basi. Nilijua hilo ndilo jibu.

Makumbusho tuliyapita mbio. Wanawake walitaka kukawia penye mifupa ya watu wa kale, na mmoja alikuwa bado anabishana na maandishi ya ukutani juu ya miaka ya fuvu fulani, lakini Anti Pamela, ambaye kutwa alikuwa mpole, alianza kuwaswaga kama mbuzi. "Mifupa hiyo imengoja miaka mingi, mama zangu, haiendi popote. Twendeni." Badala ya kutupeleka basi lilikoegeshwa, alitutelemsha hadi kandokando ya barabara kuu, pale magari yote yanayotoka mjini kwenda magharibi yanapobanana. Dereva hakuwa amedanganya. Magari yalikuwa yamesimama bampa kwa bampa, moshi umetanda, wachuuzi wa maji na karanga wanatembea katikati yake. "Tungojee hapa," Anti Pamela alisema. Wanawake walitazamana, wakaweka ndoo yao chini, wakangoja.

Vitambaa vyekundu ndivyo nilivyoviona kwanza, vimefungwa kwenye vioo vya pembeni vya magari, kama kila msafara wa mazishi unavyofungwa. Mbele ya msafara lilikuwa gari la kubebea maiti, na mbele ya gari hilo imefungwa picha iliyozungushiwa maua. Ilikuwa picha ya mama, ile ya harusi ya shangazi, aliyokuwa haipendi kwa sababu amefumba jicho moja. Lilisogea kidogo, likasimama. Lilisogea tena, likasimama mbele yetu. Kina mama wa Kitale hawakuhitaji kuelezwa. Kwao maiti haipiti watu wameketi. Waliokuwa wamechuchumaa walisimama, waliokuwa na kofia za jua wakazivua, na Mama Nasimiyu akasoma kwa sauti jina lililoandikwa chini ya picha, jina la Kibukusu kama lake. "Nanjala. Huyu ni wetu. Anakwenda nyumbani." Akaanzisha wimbo wa kanisani wa Kibukusu, wa kumwambia msafiri aende salama, na wenzake wakaupokea kwa sauti tatu nne, pale pale kwenye moshi, kwa ajili ya mtu wasiyemjua. Wachuuzi wakashusha chupa zao. Anti Pamela alikuwa amenishika mkono.

Mama Nasimiyu aliniangalia kati ya beti. "Unamjua?"

"Ni mama," nikasema.

Hakusema pole. Aliendelea kuimba, akainama, akaninyanyua kwa kwapa kama mzigo wa kuni, akashuka nami barabarani baina ya magari hadi kwenye kioo cha pembeni. Ndani kulikuwa na jeneza la rangi ya kahawia, na juu yake, imekunjwa vizuri, ile leso ya kijani. Nikaweka kiganja kwenye kioo. Jua lilikuwa limekichoma siku nzima, na kilikuwa cha moto kweli kweli. Moto ule niliuhisi. Siku saba nilikuwa sijahisi kitu, na moto ule niliuhisi, nami sikuuondoa mkono. Nilimwambia mama kwamba nguo nilizianua.

Basi la familia lilikuwa nyuma tu ya gari hilo. Nilipoinua macho nilimwona Nyanya dirishani. Alikuwa ananitazama, kisha akamtazama Anti Pamela kwa muda, na mimi nikangoja apige kelele. Hakupiga. Aliniinulia mkono, kiganja wazi, namna mtu anavyomuaga mtoto anayekwenda shule. Halafu magari yakafunguka, Mama Nasimiyu akarudi nami kando ya barabara, na mama akaenda zake nyumbani. Wanawake waliendelea kuimba hadi kitambaa chekundu cha mwisho kilipopotea mlimani. Mgeni njoo, mwenyeji apone, wanasema, nami nimeusikia msemo huo ukitumiwa kwa mambo madogo madogo ya karamu. Ndani ya basi hakuna aliyetaka maelezo zaidi ya mji. Walinipakata kwa zamu hadi Kaloleni, ambako hema lilikuwa limeshafunguliwa na ile sufuria imefudikizwa kwenye nyasi, imeng'ang'aniwa na weusi wake. Sikulia. Nililia mwaka uliofuata, kwa sababu ya kalamu iliyopotea, na walimu hawakuelewa.

Nyanya alikufa bila ya sisi wawili kuizungumzia siku ile. Anti Pamela yupo, amestaafu kutembeza watu, ana kibanda cha mboga na viungo sokoni Jericho, na magoti yanamsumbua. Mwaka jana nilimtembelea, nikakaa kwenye kreti yake ya soda nikimsaidia kufunga mafungu ya sukumawiki, na hatimaye nikamuuliza ilikuwaje akavunja ahadi kwa mwanamke mkali kama yule. Alikasirika kidogo.

"Sijavunja ahadi ya mtu mimi. Nilimwahidi sitakurudisha nyumbani. Habari ya barabara hakuniuliza."

"Na kama gari lingepita mbio?"

Alinitazama kama mtu aliyepoteza muda wake kunilea. "Saa kumi? Pale? Na wewe umezaliwa Nairobi?"

Ganzi ile haijaisha yote. Nimeizoea, ninafanya kazi nayo, na watu huniita mtulivu. Kaloleni bado ipo, vigae vimepungua, na kila baada ya miaka michache tunasikia itabomolewa yajengwe maghorofa. Pale chini ya makumbusho wamejenga barabara ya juu. Ukilipa unaruka mji mzima bila kusimama, na binti yangu, mwenye miaka minane sasa, huyaona magari yakipita huko juu akaniuliza kwa nini sisi daima tunapita chini, kwenye jam. Magari yanaposimama pale mimi huzima injini, nikafungua dirisha, nikaweka kiganja nje juu ya mlango uliochomwa na jua, nami sipigi honi.